Baada ya Mtondogoo

Ipo nchi moja ambayo jina lake halitatajwa hapa, wala si kwa woga. Lilipelekwa wizarani kufanyiwa marekebisho madogo, likakwama kwenye kamati, na hadi sasa halijarudi. Wananchi wake wamezoea kuishi bila jina. Wakiulizwa mpakani wanatoka wapi, huonyesha kidole nyuma yao, na askari wa nchi jirani, watu wenye huruma, huwapa pole wakawapitisha.

Kila kitu katika nchi hiyo kina wizara. Ipo Wizara ya Vivuli, ambayo kazi yake ni kuhakikisha hakuna mwananchi mwenye kivuli kirefu kuliko cha mkuu wake wa wilaya. Ipo Wizara ya Makofi, na idara zake mbili, ya mkono wa kulia na ya mkono wa kushoto, ambazo hazielewani. Na ipo Wizara ya Nyakati na Mambo Yajayo, yenye saa kubwa juu ya lango, ambayo haiendi. Saa hiyo haijaharibika, watu wasiizushie. Ilisimamishwa asubuhi moja ili Mheshimiwa Waziri asionekane amechelewa, na kwa kuwa Mheshimiwa ana majukumu mengi, bado anatarajiwa kufika.

Nyuma ya wizara hiyo, karibu kiasi kwamba moshi wa jiko lake uliingia madirishani mwa maafisa na kuwatamanisha chai, aliishi mama mmoja kijana aitwaye Sikudhani. Mumewe alikuwa bara, kwenye kituo cha reli, ameajiriwa na serikali kungoja treni. Ilikuwa kazi nzuri, ya kudumu. Nyumbani alibaki Sikudhani na bintiye Chausiku, mtoto wa miaka sita mwenye pengo la meno mawili ya mbele na ulimi usiojua kulala.

Ufa ulianzia uani kwao, baina ya jiko na banda la kuku. Haukuwa ardhini wala ukutani. Ulisimama hewani, mwembamba kama uzi, kana kwamba mtu kaichana hewa kwa kisu akaenda zake. Uji ukaanza kuchemka kabla moto haujawashwa. Jogoo akawa anawika adhuhuri, kisha anajificha kwa aibu. Bi Mize, jirani na shoga yake Sikudhani wa kufa na kuzikana, aliletewa rambirambi za mumewe, na mume mwenyewe ndiye aliyezipokea mlangoni, akauliza marehemu kafa na nini ili naye ajihadhari. Watu wakacheka wiki nzima. Kisha mbuzi wa Bi Mize akapita kando ya ufa akitafuna maganda ya muhogo, ukaingia uso, ikaingia shingo, ukaingia mkia, na hakutoka upande wa pili. Hapo wakaacha kucheka.

*

Siku ya tukio Sikudhani alikuwa ameketi kwenye mbuzi ya kukunia nazi, mafuta kiganjani, Chausiku amebanwa katikati ya magoti, anasukwa. Upande wa kulia ulikuwa umekwisha, mistari imenyooka kama mashamba ya watu wenye akili. Upande wa kushoto ulikuwa bado msitu.

Mtoto akalalamika kwamba inauma. Mama akamwambia uzuri una gharama yake. Mtoto akasema basi yeye ameshakuwa mzuri nusu, na inamtosha. Mara akateleza magotini kama samaki, akakimbia uani, anacheka kwa lile pengo lake.

"Huu mwingine utanisuka kesho, mama," akasema, na akageuka kutazama kama anafukuzwa. Ndipo akakanyaga ufa.

Neno lilikuwa bado mdomoni mwake. Ufa ukampeleka alikotaja.

Sikudhani alipiga yowe lililomtoa Bi Mize jikoni na upawa mkononi. Wakaita. Na kutoka ndani ya ule uzi wa hewa, karibu tu, ikasikika sauti ya mtoto ikiuliza mbona mama haji. Kulikuwa na jua upande wake, alisema, na watu wengi.

Bi Mize alikuwa mwanamke wa kutafuta nafuu hata kwenye moto. "Shoga, futa machozi," akasema. "Kama kaenda kesho, si kesho inakuja yenyewe? Hukodi gari. Tandika mkeka umngoje."

Likaonekana jambo la maana. Sikudhani akatandika mkeka mbele ya ufa, akaweka chanuo na kopo la mafuta, akangoja. Ili mtoto asilie, wakawa wanategeana vitendawili, mchezo wao wa kila jioni. "Kitendawili!" mama akiita, na "Tega!" ikarudi hapo hapo, nyepesi, kama mpira uliogonga ukuta. Kulipokucha, Sikudhani alisimama akatanua mikono kumpokea.

Lakini iliyokuja ilikuwa leo. Chausiku alikuwa bado kesho. Hiyo ndiyo tabia ya kesho ya nchi ile: unaifuata usiku kucha, ukiifikia inabadili jina, na yenyewe imeshasogea mbele imekaa, inakutazama.

*

Sikudhani akajifunga kanga akaenda wizarani. Akapelekwa kwa Bwana Selembe, Afisa Nyufa Mkuu.

Ni lazima isemwe kwamba Bwana Selembe hakuwa mtu mbaya. Alikuwa mpole kama maziwa ya mgando. Hakuwahi kumfokea mwananchi, alimpa kila mtu kiti, na alikuwa na muhuri mmoja wa mpini wa mpingo ambao hakuuweka chini hata akila, kama mtoto aliyezoea kijiko chake. Alimsikiliza Sikudhani mpaka mwisho. Akampa pole mara tatu. Kisha akamweleza kuwa nyufa ni za aina nyingi: za kuta, za visigino, za ndoa, za vyama, lakini ufa wa wakati haujaundiwa dawati, na bila dawati haujulikani ukae wapi.

"Mwanangu yumo ndani, kaka yangu," Sikudhani akasema. "Yuko pale. Namsikia anakohoa."

"Na serikali inasikia kikohozi hicho, dada yangu." Bwana Selembe akagonga muhuri kwenye kipande cha karatasi tupu, kwa mazoea tu. "Linashughulikiwa. Njoo kesho."

Alitoka pale na moyo mwepesi kidogo, maana alitendewa utu. Alipofika uani alimkuta Bi Mize amekodoa macho. Ufa ulikuwa umepanuka, sasa mkono ungeweza kupita. Sikudhani akaita kitendawili chake. Akangoja. Angeweza kukuna nazi nusu kabla "Tega!" haijarudi, na ilirudi kama imetoka bondeni.

"Mama, huku tumehama," mtoto akasema. "Babu mmoja wa kwenye foleni anasema sasa ni keshokutwa."

Sikudhani hakuelewa mara moja. Nani anaelewa mambo kama hayo mara moja? Alirudi wizarani alivyoambiwa, kwa wakati, na Bwana Selembe akafurahi kumwona mwananchi anayefuata taratibu. Akamweleza kwamba mhusika ametoka kunywa chai, na mwenye ufunguo wa mhusika amemfuata kumwambia chai imepoa. Muhuri ukagonga meza. Njoo kesho. Sikudhani akakimbia nyumbani kanga ikimvuka, akakuta mtoto yuko mtondo, na ufa unatosha kupitisha ndoo.

Hapo akaelewa. Kila "njoo kesho" iliyotoka kwenye kinywa chenye muhuri ilikuwa inamsukuma Chausiku siku moja mbele, na kuupa ufa chakula. Na akahesabu kwa midomo, kama mtoto wa darasa la kwanza: kesho, keshokutwa, mtondo, mtondogoo. Akaishia hapo. Wahenga nao waliishia hapo. Baada ya mtondogoo hawakuweka jina lolote, kwa kuwa hawakudhani kuna mtu atakayetakiwa kungoja zaidi ya hivyo. Mtoto atakayesukumwa huko atakuwa kwenye siku isiyoitika, kwa sababu mama yake hatajua aiiteje.

Akarudi mbio. Akapiga magoti mbele ya meza ya Bwana Selembe.

"Kaka yangu, nakusihi. Nitukane. Nifukuze kama mbwa. Lakini lile neno usiliseme tena."

Bwana Selembe akaumia kweli. Miaka yote ya utumishi hakuna mwananchi aliyewahi kumlaumu. "Neno gani, dada yangu? Neno kesho? Mimi?" Akaweka muhuri kifuani kama anayeapa. "Naapa sijawahi kumwambia mtu njoo kesho ila kwa nia njema."

Sikudhani hakusubiri. Alikuwa ameshasikia ufa ukipasuka nyuma ya wizara, mlio kama wa kitenge kinachochanwa. Mtoto alikuwa ameshafika mtondogoo.

*

Tangu hapo hakuthubutu kukanyaga ofisini. Fikiria mtu mwenye shida ambaye hawezi kuisema shida yake, kwa kuwa akiisema itaongezeka. Alikaa mkekani. "Kitendawili!" anaita asubuhi, anapika, anafua, anaanua, na mchana ndipo "Tega" inarudi, nyembamba, bila lile cheko. Akawa anazungumza na chanuo.

Wakubwa nao hawakulala, wasisingiziwe. Ufa ulikuwa umemmeza mpiga picha wa serikali, na jambo hilo likafanya Baraza la Mawaziri likutane. Mzee mmoja wa baraza, aliyekuwa ameingia kwa makosa akitafuta msalani, aliwakumbusha kwa adabu kwamba wahenga wamesema: usipoziba ufa, utajenga ukuta.

Mheshimiwa Majigambo, Waziri wa Nyakati na Mambo Yajayo, akainuka machozi yakimlengalenga.

"Waheshimiwa, mmesikia maneno hayo? Tusipoziba, tutajenga! Nani kati yetu anataka kwenda kwa wananchi na kuwaambia ameziba? Kuziba hakuonekani. Hakuna aliyewahi kukata utepe mbele ya kitu kilichozibwa. Wahenga wametuachia mwongozo wa maendeleo, na sisi tulikuwa tunawaimbisha watoto shuleni kama mzaha."

Wakapiga makofi, ya kulia na ya kushoto. Ikapitishwa kwamba ufa usizibwe kwa hali yoyote, na ukuta ujengwe.

Bwana Selembe mwenyewe ndiye aliyekuja uani na vigingi kuonyesha ukuta utakapopita. Ulikuwa ukuta wa duara, kuuzunguka ufa, na jiko la Sikudhani lingebaki ndani. Alisikitika sana kuhusu jiko. Akawa anagonga muhuri juu ya kila kigingi ili kitambulike kuwa ni cha umma, na katikati ya kugonga simu yake ikalia. Alikuwa mkewe, anataka kujua kama atakuja kula.

"Nakuja, mke wangu," akasema, muhuri juu ya kigingi. "Nakuja leo."

Ufa ukatikisika kama pazia lililopitwa na upepo. "Mama!" Sauti ya Chausiku ikaja mbio, kubwa, ikikaribia. "Mama, nauona mguu wako!" Na Sikudhani akaona vidole, vidole vitano vyenye hina iliyofifia ya sikukuu, vikitoka kwenye ukingo wa hewa. Akaruka kuvikamata.

"Lakini wale wageni waambie waje kesho," Bwana Selembe akaongeza, akagonga kigingi kingine.

Vidole vikarudi ndani kama kichwa cha kobe. Sikudhani akabaki ameukumbatia upepo. Mtoto, aliyekuwa hajafika bado, akarudishwa kule kule mtondogoo.

Basi akamshika afisa mkono, akamwomba aseme tena lile neno la kwanza. Neno moja tu, leo, kama alivyolisema kwa mkewe. Bwana Selembe akageuka rangi. Akatazama huku na huku, akainama kumnong'oneza. Lile neno, alisema, limemponyoka kwa sababu ya njaa, na anamwomba asimsemee. Ulikuwepo waraka. Kanga zote zilizoandikwa "Leo ni leo" zilikuwa zimekusanywa madukani na kukatwa pindo. Hata kwenye magazeti siku hiyo iliitwa "siku tuliyomo".

"Kwa nini?" Sikudhani akauliza. "Limewakosea nini?"

"Dada yangu, kesho ni sera. Leo ni ahadi." Akamtazama kwa huruma ya kweli. "Mimi mtumishi tu. Ahadi nitaitoa wapi?"

*

Ukuta ulijengwa haraka, jambo lililowashangaza watu waliongoja daraja tangu ujana wao. Mawe yakapanda mpaka kimo cha mnazi mchanga. Kila safu ilipoongezeka, sauti ya Chausiku ilififia, na siku safu ya mwisho ilipowekwa Sikudhani aliita kitendawili mpaka koo likawa kama kikaango. Hakusikia kitu. Akabandika sikio kwenye mawe. Labda mtoto alijibu. Labda ni damu yake mwenyewe iliyokuwa inavuma.

Ndipo ikatangazwa siku ya ufunguzi. Mheshimiwa Majigambo angekuja binafsi, na sheria ya nchi ile inasema kinywa cha Waziri ni muhuri unaotembea.

Bi Mize ndiye aliyeiona hatari. "Shoga," akasema polepole, "yule bwana humaliza kila hotuba kwa kusema nini?"

Sikudhani alijua. Nchi nzima ilijua. Ilikuwa imeandikwa kwenye fulana, kwenye ndoo, kwenye sanda za msaada: *Kesho yetu, kesho bora.* Mara mbili, ndani ya kipaza sauti, mbele ya ufa. Mtoto angepita mtondogoo kama jiwe linavyopita maji.

Wakaenda. Wangefanya nini? Bi Mize alibeba mchi wake wa kutwangia, akasema ameuzoea tu mkononi. Uwanja ulijaa. Watumishi wa Wizara ya Makofi walikuwa wamepangwa safu safu, kulia na kushoto. Utepe mwekundu ulikuwa umefungwa mbele ya ukuta, na waliokuwa karibu waliona kuwa nyuma ya utepe hapakuwa na mlango. Palikuwa na mawe tu. Fundi aliulizwa, akajibu mlango uko kwenye awamu ya pili.

Mshereheshaji akasoma wasifu wa Mheshimiwa, kama desturi, akisimama kila baada ya sifa ili zishuke: mtaalamu wa nyakati zote tatu, mlezi wa saa ya taifa, na bingwa wa vitendawili tangu darasa la nne, ambaye hajawahi kushindwa wala kutoa mji. Kwenye sifa hii ya mwisho Mheshimiwa alifumba macho kidogo, kama mtu anayepakwa manukato.

Kisha akahutubia. Alikuwa hodari. Kwa muda mrefu hakulitaja lile neno lililokatazwa hata mara moja. Akasema ukuta huu unafunguliwa katika siku tuliyomo. Akasema siku hii, ambayo si jana kwa hakika na wala haijawa nyingine, itakumbukwa. Akasema maadui wa maendeleo walitaka tuzibe, lakini tulikataa kuziba, na ndiyo maana tuna ukuta, na ukuta huu nao ukipata ufa, kwa uwezo wa Mungu, tutajenga mwingine mkubwa zaidi. Makofi ya kulia. Makofi ya kushoto. Akashika mkasi. Akavuta pumzi ndefu, ile ya kumalizia, na fulana zote uwanjani zikavuta pumzi naye.

Sikudhani alijua imefika. Hakuwa na hila yoyote, wala asipewe sifa ya hila. Alitaka tu kumsikia mwanawe mara moja kabla hajaenda kwenye siku isiyo na jina. Akauelekea ukuta, akaita kwa sauti yake yote iliyobaki:

"Kitendawili!"

Na watu wa nchi ile, hata walivyo, walilelewa na bibi zao. Uwanja mzima ukajibu kabla haujafikiri. "Tega!" Maafisa wakajibu, askari wakajibu, na ndani ya kipaza sauti, kuliko wote, akajibu Mheshimiwa Majigambo, "Tega!" mkasi juu, macho yanang'aa kama ya mtoto wa darasa la nne.

Sikudhani akageuka. Uwanja wote ulikuwa unamtazama yeye, unangoja. Hakuwa ameandaa kitu. Alimfikiria Chausiku, alivyoikimbilia kesho na kesho ikamkimbia mama yake, na maneno yakaja yenyewe.

"Jana aliitwa kesho. Kesho ataitwa jana. Na sisi sote hapa tumo tumboni mwake."

Hapakuwa na mtu uwanjani asiyejua jibu. Lilionekana mashavuni mwao, limevimba kama tonge la moto. Lakini kila mmoja aliukumbuka waraka, akatazama viatu vyake. Mheshimiwa akatabasamu, akafungua mdomo, akakumbuka kuwa ni yeye aliyeusaini, akaufunga.

"Mmeshindwa?" Sikudhani akauliza. "Basi nipeni mji."

Minong'ono ikapita kama upepo kwenye mtama. Mheshimiwa akainamisha sikio kwa Bwana Selembe. Bwana Selembe akamnong'oneza, na kipaza sauti, ambacho hakina adabu, kikayachukua: "Mpe tu mji wowote, Mheshimiwa. Hata ule wenye mafuriko."

"Nimpe mji?" Jasho lilikuwa linamtiririka Mheshimiwa. "Mimi? Niandikwe nimetoa mji?"

"Waziri kashindwa," Bi Mize akasema kwa sauti ya kawaida, kama anayeuliza bei ya dagaa. "Hajui. Na ni cha mtoto wa miaka sita."

"Najua!"

"Angejua angesema. Shoga, dai mji wako twende."

"Ni leo!" Mheshimiwa Majigambo akafoka ndani ya kipaza sauti, mkasi ukaanguka. "Jibu ni leo! Leo, leo, leo! Nani kasema sijui?"

Ardhi ikanguruma chini ya viti vya wageni waalikwa. Nyuma ya ukuta hewa ikajifunga kwa mlio wa mlango mzito, kuku wakapiga kelele, na kisha, hapo hapo nyuma ya mawe, karibu kama mtu aliye chumba cha pili, sauti nyembamba yenye hasira ikauliza:

"Mama, mbona umetega halafu hungoji nijibu?"

*

Sikudhani aliufikia ule ukuta wa mawe kabla ya mtu yeyote. Akaupapasa kwa viganja kutafuta mlango ambao ulikuwa kwenye awamu ya pili. Mtoto alikuwa analia sasa upande wa pili, kilio cha kawaida kabisa, cha mtoto mwenye njaa, na hapakuwa na sauti nzuri kuliko hiyo katika nchi ile, wala yenye kutesa zaidi.

Bwana Selembe akaja mbio, muhuri mkononi, uso umejaa imani.

"Dada yangu, hongera sana. Ila ukuta umeshakuwa mali ya umma. Kuubomoa kuna kibali. Andika ombi fupi tu, halafu njoo k—"

Sikudhani akamziba mdomo. Hakumpiga, hakumtukana, alimziba kwa kiganja kizima, kama unavyomziba mtoto anayetaka kumeza kifungo, akamgandamiza ukutani na kumshikilia hapo. Afisa alikuwa mtu mzima mwenye nguvu zake. Baadaye alieleza kuwa hakujitoa kwa sababu hakukuwa na mwongozo.

"Piga, Mize," Sikudhani akasema.

Mchi wa Bi Mize ukatua kwenye mawe. Ukatua tena. Ukuta uliojengwa kwa haraka ile haukuwa na ugomvi mkubwa na mtu. Askari walimtazama Waziri wapewe amri, lakini Waziri alikuwa anamweleza mshereheshaji jinsi ya kuliandika jibu lake kwenye wasifu. Fundi mwenyewe akaja, akasema wanapiga pabaya, akawaonyesha panapolegea. Ukuta ukapata ufa.

Chausiku akatoka kwa kichwa, vumbi mpaka kwenye kope, upande mmoja umesukwa na mwingine msitu. Mama yake akamwachia afisa, akamdaka. Akamnusa shingoni. Akamfungua mdomo kutazama, kama mnunuzi wa mbuzi, akaona kwenye lile pengo vichwa viwili vya meno vimechungulia, meno ya siku ambazo mama hakuwepo.

"Nilidhani huko hakuna watu," Sikudhani akasema.

"Wapo," mtoto akajibu. "Wamejaa. Nimekuja nao."

Kweli mtu wa pili alikuwa anajipenyeza kwenye tundu: mzee mwenye faili kwapani, kanzu imeshakuwa rangi ya karatasi. Akatoka mama mwenye mtoto mgongoni, na mtoto ana ndevu. Akatoka mpiga picha wa serikali, na mbuzi wa Bi Mize. Wakatoka wastaafu, wajane, wanafunzi wa vyuo, bwana harusi aliyekuwa anangoja cheti, wakazidi kutoka mpaka uwanja ukawa hauwatoshi. Hawakupiga kelele. Walikuwa watu waliofundishwa kufuata taratibu. Walijipanga foleni, ikazunguka viti vya wageni, ikapita mbele ya Wizara ya Makofi, ikaishia miguuni pa Mheshimiwa Majigambo.

Mzee mwenye faili alikuwa wa kwanza. Akavua kofia.

"Shikamoo, Mheshimiwa. Tuliambiwa tuje kesho," akasema. "Tumefika."

Mheshimiwa akamtafuta Bwana Selembe kwa macho. Bwana Selembe alikuwa bado ameegemea ukuta, mkono wake mwenyewe juu ya mdomo wake, mahali pale pale Sikudhani alipouacha.

Yaliyosemwa baada ya hapo Sikudhani hakuyasikia. Aliona kiti kimoja cha wageni waalikwa kiko wazi, kile chenye mto mwekundu, akakivuta kivulini kwenye ukuta uliotoboka, akaketi. Kopo la mafuta alikuwa nalo. Chanuo lilikuwa pindoni mwa kanga yake. Akamwingiza Chausiku katikati ya magoti, akambana, akaanza kuuchambua ule msitu wa kushoto, polepole, akianzia kwenye sikio.

Watu wa foleni walikuwa wanawatazama. Mtoto akavumilia mstari mmoja. Akavumilia na wa pili. Wa tatu akauma meno yake mapya, machozi yakamtoka.

"Inauma, mama. Huu mwingine utanimalizia k—"

Sikudhani akamziba mdomo, taratibu, kwa kiganja chenye mafuta ya nazi, na akaendelea kusuka kwa mkono mmoja.